Nyama ya Shingo

Shemeji alisimama mlangoni akakataa kiti. Alisema amepita tu, ana haraka zake.

"Jumapili nitakuja na mama," alisema. "Tunataka tuzungumze habari za mtoto."

"Karibuni sana," Fundi akajibu. "Mtakula hapa hapa."

"Usijisumbue, shemeji. Tutabeba chakula chetu."

"Hakuna kubeba. Nitapika mwenyewe. Nitapika nyama."

Fundi hakuuona uso wa shemeji. Alichoona ni kivuli chembamba katikati ya mwanga wa mlango, kama mtu anayetazamwa kupitia tundu la bomba. Lakini alisikia jinsi alivyovuta pumzi na kuizuia, akajua kwamba mdogo huyo wa marehemu mkewe anataka kucheka na hana uhakika kama inafaa.

"Haya," akasema mwishowe. "Ila usisahau kwamba mama hana meno."

Akaenda zake. Fundi akabaki amekaa ukingoni mwa kitanda, akijilaumu kwa ulimi wake. Habari za mtoto zilikuwa moja tu, naye aliijua: walitaka kumchukua.

Mtoto mwenyewe alikuwa na miaka tisa, na hapo nyumbani aliitwa Chiriku, jina alilopewa na mama yake kwa sababu mdomo wake haukujua kupumzika. Hakuwa na ndugu. Mama yake alikuwa ameugua kifua, akaenda nacho, na tangu hapo walibaki wawili katika chumba kimoja na jiko dogo la uani ambako baba mtu, fundi wa kuchomelea vyuma, alikuwa hajawahi hata kukaanga yai.

Macho ya Fundi yalianza kuharibika mkewe akiwa bado hai. Kila taa aliyoitazama ilizungukwa na rangi kama za upinde wa mvua. Alidhani ni cheche. Mafundi wote huumwa macho, alisema, na fundi asiyeumwa macho huyo si fundi, ni mtazamaji. Alipokwenda hospitali hatimaye, daktari alimweleza taratibu kwamba ana presha ya macho, kwamba ugonjwa huo unakula mshipa wa jicho kuanzia pembeni kuja katikati, na kilichokwisha kuliwa hakirudi.

"Mama yako ana presha ya damu," alimwambia mkewe siku hiyo, "mimi nina presha ya macho, na jikoni tuna sufuria ya presha. Nyumba hii italipuka siku moja."

Mkewe alicheka mpaka akakaa chini. Ndiyo mara ya mwisho waliyocheka juu ya jambo hilo.

Karakana ilimvumilia kwa muda. Kisha akachomelea bawaba za geti la mteja upande usio wake, likawa geti linalofunguka kuelekea ukutani, na wenzake wakataniana kwamba ni geti la kuzuia wadai. Mwenye karakana hakutania. Alimshika bega akamwambia apumzike kwanza. Mapumziko hayo hayakuwa na mwisho. Fundi akawa mtu wa kukaza vipini vya sufuria za majirani na kunyoosha mabati kwa kupapasa, akiwa nyumbani kwake, na popote alipotaka kwenda nje ya ua alikwenda amemshika Chiriku begani.

"Shimo, baba. Sasa ngazi moja. Baba, yupo mama mmoja amevaa kofia kubwa kama sinia, anashindana na upepo. Sogea kulia, kuna baiskeli."

Hospitali Chiriku. Sokoni Chiriku. Matone ya dawa asubuhi na jioni, Chiriku. Shule ilikuja baada ya hayo yote, na siku nyingine haikuja kabisa. Mwalimu wake akavumilia, akaonya, akampigia simu shemeji.

Jumamosi baba na binti walikwenda buchani. Mwenye bucha alikuwa mtu wa maneno mengi, na wateja walimpenda kwa hilo, kwa sababu nyama yake peke yake isingewarudisha.

"Imebaki ya shingo, Fundi," alisema. "Sikudanganyi. Huyu ng'ombe amezeeka akingoja kiinua mgongo."

"Italainika?"

"Ukiiweka kwenye sufuria ya kawaida, wageni wataondoka, watarudi mwakani, wataikuta bado inachemka. Kwenye presha itakuwa siagi."

Chiriku akamvuta baba yake mkono. "Baba, ile sufuria unaiogopa."

Kweli aliiogopa. Tangu mkewe afariki ilikaa juu ya kabati, mpira wa mfuniko ukiwa umefungwa peke yake kwenye kitambaa kama marehemu alivyouacha. Aliwahi kusikia habari za mfuniko uliopaa ukagonga dari. Mtu aliyeshika moto wa kuyeyushia chuma maisha yake yote alikuwa anaogopa sufuria ya jikoni, na aliona aibu kuogopa.

"Tukatie ya shingo," akamwambia mwenye bucha.

Jumapili asubuhi alimwambia Chiriku akakae uani kwa jirani, mama muuza mitumba, asirudi mpaka aitwe. Mtoto akabisha. Akasema atasoma tu maandishi ya pakiti, hatashika kitu. Fundi akakataa. Alitaka wakija wakute nyama ambayo mkono wa mtoto haujaigusa.

Kwanza aliikausha nyama kwa kitambaa safi, kipande kimoja kimoja, kwa sababu alikumbuka mkewe akisema nyama yenye maji haishiki rangi, inachemka tu. Akaipaka chumvi na pilipili manga. Akashusha sufuria ya presha kabatini, akaiweka kwenye gesi, akatia mafuta, akainamisha sikio. Yalipoanza kunong'ona akadondosha kipande kimoja, na sauti iliyotoka aliifahamu mara moja: ilikuwa sauti ya chuma cha moto kikikutana na maji. Hapo woga ukapungua kidogo. Hii ni kazi ya moto, akajiambia, na moto ninaujua.

Hakuvijaza vipande vyote kwa pamoja. Aliviweka vichache, akangoja mpaka harufu ibadilike kutoka harufu ya damu kuwa harufu ya nyama, akavigeuza kwa koleo, akavitoa, akaweka vingine. Mafuta yalimrukia mkononi, hakujali. Akakaanga vitunguu humo humo mpaka vikalegea na kutoa utamu, akatia kitunguu saumu na tangawizi, kisha nyanya, akazikoroga mpaka mafuta yakaanza kujitenga. Akamimina maji kidogo, akakwangua chini ya sufuria kwa mwiko wa mti, polepole, pembe kwa pembe, kwa sababu ule ukoko wa kahawia uliogandamana chini ndio roho ya mchuzi. Hayo nayo alikuwa ameyasikia kutoka kitandani, asubuhi za Jumapili, mkewe akijisemea peke yake jikoni. Wakati ule Fundi mwenyewe hakujua kwamba alikuwa anasikiliza.

Akarudisha nyama. Akapapasa mpira, akauvalisha mfuniko, akazungusha kidole pande zote kuhakikisha haujajikunja. Akapuliza tundu la mvuke. Akafunga. Akaweka juu ya tundu kile kichuma cha kuzuia mvuke.

Kisha akarudi nyuma mpaka mgongo ukagusa ukuta.

Sufuria ilikaa kimya kwa muda mrefu. Halafu ikaanza kupumua, halafu kile kichuma kikacheza, na mvuke ukapiga mluzi mkali uliomfanya afumbe macho, kana kwamba macho yake yangemwongezea au kumpunguzia kitu. Akasogea, akapunguza moto mpaka mluzi ukawa mnong'ono. Akavuta kigoda, akakaa. Alikaa nayo kama mtu anayekaa na mgonjwa, akiisikiliza isizidi wala isipungue. Alipozima gesi hakuugusa mfuniko. Aliiacha sufuria ishushe hasira yake yenyewe, mpaka kichuma kilipolegea na hakuna hata uzi wa mvuke uliogusa kiganja chake alipokipitisha juu.

Akafungua. Harufu ikampanda usoni. Akachukua kijiko, akabonyeza kipande, na kipande kikaachana nyuzi nyuzi bila ubishi.

Aliita, "Chiriku! Njoo uonje!"

Mtoto akaja mbio, akaonja, akanyamaza. Kunyamaza kwa Chiriku ilikuwa habari kubwa.

"Ni kama ya mama," akasema.

Mchuzi ulikuwa mwepesi bado. Fundi akakoroga kijiko cha unga kwenye maji baridi, akamimina huku akikoroga, akaacha uchemke bila mfuniko mpaka ukawa rojo lililoshika mgongoni mwa kijiko. Alikuwa na matumaini, na hakukumbuka mara ya mwisho alipokuwa nayo.

Wageni walifika mchana. Mama mkwe aliingia kwanza, akihema.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Nani anapika nyumba hii? Harufu nimeikuta njiani."

"Baba!" akasema Chiriku. "Peke yake! Mimi nilifukuzwa!"

Wakala. Wali ulikuwa umeshikana kidogo, lakini hakuna aliyeutaja wali. Mama mkwe alitia tonge la kwanza kinywani kwa tahadhari, kama mtu anayekanyaga maji asiyoyajua, kisha akacheka kwa sauti.

"Nyama hii hata ufizi unaitafuna! Wewe mwanamke," akamgeukia shemeji, "ile unayonipikia mimi kumbe ni viatu?"

"Mama, jamani."

"Nasema kweli. Nimekula viatu mwaka mzima."

Shemeji naye akacheka. Akaomba mchuzi zaidi. Fundi akasikia kijiko chake kikikwangua sahani, sauti tamu kuliko sifa yoyote. Walizungumza habari za mvua na za bei ya viatu vya shule, na neno lililowaleta halikutoka. Mama mkwe alipomaliza kula aliegemea kiti, na baada ya kitambo akaanza kukoroma.

Shemeji na Chiriku wakakusanya vyombo, wakaenda kuosha kwenye bomba la uani, chini ya dirisha. Fundi akabaki amekaa. Tangu macho yapungue, masikio yake yalikuwa yameongezeka. Hakutaka kusikiliza, lakini dirisha lilikuwa wazi.

"Mama mdogo, mnanichukua leo?"

"Nani kakwambia? Tumekuja kula." Maji yakamwagika. "Baba yako anapika kunishinda. Nilidhani nitakuta mambo mengine. Labda tuwaache kwanza, mimi nitakuwa napita kuwaangalia."

Fundi akashika kingo za kiti. Akaomba kimoyomoyo, asijue anaomba nini, kwa sababu alichokuwa anakiomba kilikuwa kimeshatolewa.

"Hapana," akasema Chiriku.

"Hapana nini?"

"Nichukueni."

Bomba likafungwa. Sauti ya mtoto ikawa ndogo, haikuwa ile sauti ya njiani.

"Nimechoka, mama mdogo. Nikiwa darasani nafikiria jiko. Nafikiria amewasha gesi ya chai akasahau. Nikichelewa kurudi najua nitamkuta amekufa. Usiku silali, nanusa kama kuna gesi. Wenzangu hawanichezeshi kwa sababu kila nikianza kucheza lazima niondoke."

"Mbona hukusema siku zote hizo?"

"Atalia. Akilia nitabaki." Akavuta kamasi. "Usimwambie kwamba mimi nimesema. Mwambie umeamua wewe."

Fundi alisikia kitambaa kikisuguana na kitambaa, akajua mtoto amekumbatiwa.

Alibaki pale. Ladha ya nyama ilikuwa bado mdomoni mwake. Njia nzima, kila siku, mtoto yule alimsimulia kofia na baiskeli na mbwa mwenye masikio tofauti, naye akadhani ni furaha. Kumbe alikuwa amebeba mzigo na kuuimbia ili mwenye mzigo asijue kwamba ni mzito.

Waliporudi ndani, shemeji alikaa, akasafisha koo. Mama mkwe akaamka.

"Shemeji," alianza. "Chakula kilikuwa... yaani sijui hata niseme nini. Ila kuhusu mtoto, mimi nilikuwa nimefikiria..."

"Mchukue," akasema Fundi.

Kiti cha mama mkwe kikalia.

"Mchukue leo," Fundi akaongeza. "Mimi nimechoka."

"Baba?" akasema Chiriku.

"Nimechoka kulea. Mwanamume peke yake hawezi kazi hii. Na huyu mtoto anaongea mno, kutwa nzima, kichwa kinaniuma. Nataka nipumzike."

Alisikia jinsi neno lilivyompiga. Mtoto alivuta pumzi na hakuitoa.

"Kumbe unanifukuza?"

"Nakupeleka kwa mama yako mdogo."

"Lakini mimi nilikuwa nakuongelesha ili uone!"

"Sikukuomba."

Mama mkwe akapiga kiganja kwenye paja. "Mwanamume gani wewe? Maneno gani hayo mbele ya mtoto? Mwanangu alikuzalia, akafa, na wewe unasema umechoka?"

"Ndiyo, mama. Nimechoka."

Chiriku akaanza kulia, si kilio cha kumwomba mtu, bali cha hasira, kile ambacho mtoto hukificha kwenye kiwiko. Fundi akashukuru kwamba ni hasira. Mtoto mwenye hasira huondoka kwa miguu yake.

Fundi alijua shemeji anatazama wapi. Alisikia kiti chake kikigeuka upande wa dirisha, kikakaa hivyo, kisha kikarudi.

"Shemeji," alisema polepole. "Wewe ulikuwa..."

"Asikose shule," Fundi akamkata. "Hilo tu. Asikose hata siku moja."

Alikunja nguo za mtoto mwenyewe, kwa kupapasa, akitofautisha sare na nguo za nyumbani kwa ugumu wa kitambaa. Hazikujaza hata mfuko mmoja. Chiriku alisimama karibu na mlango, hakusaidia. Wakati wa kuagana alimpa baba yake mkono, ukiwa na unyevu, akauondoa haraka.

Baba akawasindikiza mpaka mlangoni. Alipoinua mguu, mtoto akasema, "Kizingiti, ba..." kisha akajikatiza, akatoka mbele ya wote. Fundi akajikwaa, akajishika kwenye fremu. Hatua zao zikavuka ua, geti likalia, basi.

Jirani alikuja jioni kuulizia sufuria aliyokuwa amempa akaze kipini. Akamkuta amekaa pale pale, vyombo safi vimepangwa, nyama iliyobaki iko mezani haijafunikwa. Akamwuliza kama amekula. Akasema amekula. Kesho yake nyama ilikuwa imechacha, akaimwaga.

Hakupika tena. Jirani alimletea chakula alipokumbuka, na asipokumbuka Fundi alilala hivyo hivyo. Mara nyingine aliamka asubuhi akaita jina la mtoto kwa ajili ya matone ya dawa. Akajifunza kujitia mwenyewe, tone moja jichoni, mengine shavuni, mpaka chupa ikaisha, na hakuna aliyeujua mwisho wake ila yeye.

Shemeji alipita peke yake mara moja. Safari hii alikaa.

"Anafanya vizuri shuleni," alisema. "Amenenepa. Analala."

"Vizuri."

"Haongei kama zamani. Nikimwuliza anasema watu wanachoka naye." Akangoja. "Nimwambie? Nimwambie kwamba ulisikia?"

"Usimwambie."

"Atakuchukia, shemeji. Tayari ameanza."

"Achukie. Akijua, atarudi."

Shemeji akalia hapo kwa muda mrefu. Fundi alimwambia awe mwangalifu na ngazi wakati wa kutoka, ingawa shemeji alikuwa na macho mazima.

Mvua zilipoanza, ule mwanga wa tundu la bomba nao ulififia. Siku moja alimwuliza jirani mbona mchana umekuwa na giza, na jua lilikuwa linawaka.

Shule zilipofungwa Chiriku aliletwa na bibi yake kumsalimia. Alisema "Shikamoo, baba," kutoka upande wa pili wa chumba. Fundi akamwuliza habari za shule, akasema nzuri. Akamwuliza kama ana marafiki, akasema anao. Akamwuliza majina yao, mtoto akayataja, mawili, matatu, na kwenye la tatu sauti yake ikachangamka kidogo, kisha akaikamata. Bibi mtu alikuwa bado hajamsamehe mkwewe, akajishughulisha na kumsemesha jirani dirishani.

Hawakukaa sana. Bibi akasema mawingu yanakusanyika, heri wawahi. Fundi akasimama, akanyoosha mkono mbele yake kwenye giza, akasubiri kama utaguswa. Alisubiri mpaka akasikia wanavuka ua.